Mlimani na Mjini: Vitabu Vinavyosimulia Historia ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam na Jiji Lake

Chuo kikuu huandika historia za watu wengine kwa muda mrefu kabla hakijaandika historia yake chenyewe. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambacho Watanzania wengi hukiita Mlimani kwa kuwa kimejengwa juu ya kilima kilichopo takriban kilomita 13 magharibi mwa katikati ya jiji, kilianza kufundisha mwaka 1961, na kabla ya muongo huo kwisha wanahistoria wake walikuwa wamekwisha kutoa vitabu vilivyobadilisha namna Tanzania inavyoelezwa duniani. Lakini kitabu kikubwa kinachosimulia historia ya chuo chenyewe kwa mapana kilitoka mwaka 2008. Katika miaka hiyohiyo, waandishi wengine walikuwa wakikusanya historia ya Dar es Salaam, mji uliokizaa chuo hicho na kukilea. Hivyo zipo leo rafu mbili za vitabu, moja ya chuo na nyingine ya jiji, ambazo mara nyingi husomwa na watu tofauti kana kwamba zinahusu nchi mbili. Makala haya yanaeleza vitabu hivyo ni vipi, vilitokana na nini, na kwa nini msomaji anayetaka kuielewa Mlimani hana budi kuzisoma rafu zote mbili kwa pamoja.

Kutoka Mtaa wa Lumumba hadi kilimani

Chuo kilifunguliwa tarehe 25 Oktoba 1961, majuma sita hivi kabla ya Tanganyika kupata uhuru wake, na hakikuanzia kilimani. Kilianza katika jengo la chama cha TANU kwenye mtaa ambao leo unaitwa Lumumba, pembeni mwa Kariakoo, kikiwa na kitivo kimoja tu cha sheria na wanafunzi 14, ambao mmoja wao alikuwa mwanamke. Wakati huo kilikuwa chuo kishiriki cha Chuo Kikuu cha London, maana yake ni kwamba mafunzo yalitolewa Dar es Salaam lakini shahada zilitoka Uingereza. Mwaka 1963 kiliungana na Makerere ya Kampala na chuo cha Nairobi kuunda Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki, mwaka 1964 kikahamia Mlimani, na tarehe 1 Julai 1970 Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki kilipovunjwa kikawa chuo kikuu kinachojitegemea, Mwalimu Julius Nyerere akiwa Mkuu wa Chuo na Pius Msekwa akiwa Makamu Mkuu wa Chuo wa kwanza.

Kuhama huko kwa mwaka 1964 kuna uzito kuliko tarehe nyingine nyingi zinazotajwa katika historia ya chuo. Wanafunzi wa mwanzo walisoma mahali ambapo soko, misikiti, ofisi za chama na vijiwe vya kahawa vilikuwa hatua chache kutoka darasani, ilhali wale waliofuata walisoma na kulala kilimani, nje ya mji wa wakati huo, katika mabweni na kumbi zilizosanifiwa kwa fahari ya taifa jipya. Ukumbi wa Nkrumah, ambao picha yake iliwahi kuchapwa nyuma ya noti ya shilingi 500, ukawa alama ya usomi wa Tanzania. Kilima kiliwapa wasomi utulivu na nafasi ya kufikiri, lakini pia kiliwatenga na mji, na mtengano huo umeingia hadi katika vitabu: historia ya chuo imeandikwa mara nyingi kama mambo yaliyotukia juu ya kilima, na historia ya jiji kama mambo yaliyotukia chini yake.

Wanahistoria waliotoka kwenda kuwasikiliza wazee

Umaarufu wa Mlimani katika taaluma ya historia ulianza na Idara ya Historia, iliyoongozwa mwanzoni na Terence Ranger, Mwingereza aliyefukuzwa na serikali ya Rhodesia Kusini mwaka 1963 kwa kuwaunga mkono Waafrika waliodai haki zao. Yeye na wenzake, akiwemo Isaria Kimambo, Arnold Temu, John Iliffe na Andrew Roberts, walipinga dhana ya kikoloni kwamba historia ya Afrika ilianza pale Wazungu walipofika, wakashikilia kwamba Waafrika walijitengenezea historia yao wenyewe na kwamba ushahidi wake upo, ila haujakusanywa. Mtazamo huo ulikuja kuitwa na wasomi wa nje Shule ya Dar es Salaam.

Matunda yake yalionekana haraka. Mwaka 1968 Roberts alihariri "Tanzania Before 1900", kitabu kinachokusanya historia za jamii kadhaa za nchi kabla ya ukoloni, na mwaka 1969 Kimambo na Temu wakahariri "A History of Tanzania", kilichoifuata nchi nzima tangu kale hadi uhuru. Mwaka huohuo Kimambo alitoa historia ya siasa za Wapare, ambayo kwa sehemu kubwa ilitegemea historia simulizi, yaani habari zinazohifadhiwa katika kumbukumbu za watu na kurithishwa kwa mdomo, ambazo mtafiti huzipata kwa mahojiano na kuzilinganisha na ushahidi mwingine kabla ya kuzikubali.

Kazi inayoonyesha vizuri zaidi mbinu hiyo ni mradi wa utafiti wa Vita vya Maji Maji, uliofanyika mwaka 1968 na 1969. Wanafunzi wa shahada ya kwanza walikwenda katika maeneo ya kusini yaliyopigana na Wajerumani kati ya 1905 na 1907, wakawatafuta wazee waliokuwa na kumbukumbu za vita hivyo au waliosimuliwa na wazazi wao, wakaandika walichoambiwa kuhusu kilimo cha lazima cha pamba, kodi, dawa ya maji, mapigano na njaa kali iliyofuata. Kabla ya hapo, maelezo mengi ya vita hivyo yalitegemea ripoti za maofisa wa Kijerumani, ambao hawakuwa na sababu ya kuueleza uasi huo kwa haki. Gilbert Gwassa na Iliffe walichapisha sehemu ya ushahidi kama huo katika kijitabu cha "Records of the Maji Maji Rising", na Iliffe alirudi kwenye mada hiyo katika "A Modern History of Tanganyika" ya mwaka 1979, ambayo hadi leo ni vigumu kuisoma historia ya ukoloni wa Tanganyika bila kuigusa.

Shule hiyo haikukosa wakosoaji, na wakali zaidi walitoka Mlimani penyewe. Walter Rodney wa Guyana, aliyefundisha hapo katika miaka ya 1960 na ya 1970, pamoja na wanazuoni wengine wa mrengo wa kushoto, waliona kwamba haitoshi kuonyesha kwamba Waafrika walikuwa na viongozi hodari na mapambano ya kishujaa, bali ni lazima pia kueleza nani alinyonywa, nani alinyonya, na mali ya bara ilikwenda wapi. Kitabu chake "How Europe Underdeveloped Africa", kilichotolewa mwaka 1972 kwa ushirikiano wa wachapishaji wa London na Tanzania Publishing House ya Dar es Salaam, kilifanya jina la Mlimani lijulikane Karibiani, Marekani na kote barani Afrika.

Chuo kinapojisimulia

Kitabu cha mwaka 2008 kinaitwa "In Search of Relevance: A History of the University of Dar es Salaam", kimehaririwa na Kimambo, Bertram Mapunda na Yusufu Lawi, na kimetolewa na shirika la uchapishaji la chuo hicho. Jambo la msingi katika historia hiyo limo katika jina lake, ambalo linahusu juhudi za chuo kuwa na manufaa kwa jamii iliyokianzisha: je, chuo kilichozaliwa chini ya London kiliwezaje kuacha kuwa nakala ya vyuo vya Uingereza na kuwa chombo cha nchi maskini iliyotaka kujitegemea? Swali hilo lilipata makali baada ya Azimio la Arusha la Februari 1967, na mwezi uliofuata mkutano uliitishwa chuoni kujadili nafasi ya chuo katika Tanzania ya kijamaa.

Historia ya taasisi inayoandikwa na taasisi yenyewe ina faida ambayo mgeni hawezi kuipata kirahisi. Waandishi wake wanazijua idara, wanawajua waliofanya uamuzi, na wanaelewa maana ya kumbukumbu za vikao vya Baraza na Seneti, Seneti ikiwa ndicho chombo kinachosimamia masuala ya taaluma. Lakini ina udhaifu pia, kwa kuwa nyaraka za vikao huhifadhi sauti za waliokaa kwenye viti vya vikao. Mwanafunzi aliyefukuzwa, mfanyakazi wa bwalo na dereva wa lori lililobeba matofali ya Mlimani hawakuandika kumbukumbu za vikao, na mwanahistoria anayetegemea jalada peke yake hatawakuta.

Ndiyo maana kitabu hicho kinafaa kusomwa sambamba na vile vilivyoandikwa na watu walioishi misukosuko ya chuo bila kushika mamlaka. Issa Shivji alikusanya insha na hotuba zake za kuanzia 1969 hadi 1993 katika "Intellectuals at the Hill", ambamo msomaji huona mijadala ikiwa bado moto, kabla muda haujailainisha. Karim Hirji naye alihariri kumbukumbu za "Cheche", jarida la wanafunzi lililoanza Novemba 1969 na kupigwa marufuku mwaka mmoja baadaye pamoja na umoja wa wanafunzi wanamapinduzi uliokuwa nyuma yake, ambao mwenyekiti wake wa mwanzo alikuwa Yoweri Museveni. Kitabu hicho, kilichotoka takriban miaka 40 baada ya marufuku hiyo, kinakusanya maelezo ya wahariri na waandishi wenyewe kuhusu jinsi vijana wachache walivyotayarisha kurasa, kuzichapa kwa stensili na kuzigawa, na jinsi makala ya Shivji kuhusu mapambano ya kitabaka nchini, iliyotolewa katika toleo maalumu la mwaka 1970, ilivyosomwa kwa hamu na kwa hofu.

Tukio moja linaweza kuonyesha faida ya kuvisoma vitabu hivi kwa pamoja. Tarehe 22 Oktoba 1966 wanafunzi waliandamana hadi Ikulu wakipinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, yaliyowataka wahitimu watumikie taifa kwa miaka miwili na kupokea asilimia 40 tu ya mshahara katika miezi 18 ya muda huo. Mwalimu Nyerere aliwasikiliza, akakasirika, akapunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20, na wanafunzi karibu 400 wakafukuzwa. Katika historia ya chuo, tukio hilo ni mlango wa kuingilia Azimio la Arusha, yaani siku ambapo uongozi wa nchi ulitambua kwamba elimu ya juu ilikuwa ikizalisha tabaka linalojiona bora. Andrew Ivaska, katika "Cultured States" ya mwaka 2011, analiweka tukio hilohilo ndani ya mji wa miaka ya 1960, uliokuwa ukibishana kuhusu mavazi, muziki, wanawake wasomi na maana ya kuwa kijana wa kisasa, hata ghadhabu ya umma dhidi ya wanafunzi ikaeleweka vizuri zaidi. Maelezo ya kwanza yanaonyesha tukio hilo lilifanya nini kwa dola, na ya pili lilivyoonekana na watu wa mitaani. Hakuna hata moja linalotosha bila jingine.

Rafu ya pili: mji wa Mzizima

Eneo ambalo leo linabeba chuo lilikuwa na watu muda mrefu kabla ya Sultani Majid bin Said wa Zanzibar kuanza kujenga mji wake kwenye bandari asilia iliyokuwa karibu na kijiji cha Mzizima, katika miaka ya 1860. Majid alifariki mwaka 1870 na ujenzi ukazorota, lakini Wajerumani walipoufanya mji huo kuwa makao yao makuu mwaka 1891, Dar es Salaam ikaanza kukua bila kurudi nyuma. Mwaka 1957 ilikuwa na wakazi takriban 129,000, mwaka 1967 ilifikisha takriban 273,000, na sensa ya 2022 iliukuta mkoa mzima ukiwa na zaidi ya watu milioni 5.3. Kilima kilichokuwa nje ya mji kimemezwa na mji, na leo kimezungukwa na Ubungo, Msewe, Changanyikeni, Makongo, Sinza na Mwenge.

Mkusanyiko wa kwanza muhimu kuhusu jiji na mazingira yake ulitoka Mlimani. Mwaka 1970 John Sutton, aliyekuwa akifundisha chuoni hapo, alihariri toleo la 71 la jarida la "Tanzania Notes and Records", ambalo lote lilihusu jiji, bandari na mkoa wa Dar es Salaam. Toleo hilo lilikuja baada ya utafiti wa J.A.K. Leslie, ofisa wa serikali ya kikoloni, uliochapishwa mwaka 1963, ambao licha ya mtazamo wake wa kiutawala umehifadhi habari nyingi za maisha ya vyumba vya kupanga, koo na ajira za wakazi wa kawaida.

Mwaka 2007 kikatoka "Dar es Salaam: Histories from an Emerging African Metropolis", kilichohaririwa na James Brennan, Andrew Burton na Yusufu Lawi, na humo msomaji atakuta hata sura kuhusu Simba na Yanga inayoeleza jinsi ushindani wa timu hizo ulivyokua pamoja na mji. Ni vyema kulitazama kwa makini jina la Lawi, kwa sababu yeye ni mhariri wa kitabu hiki cha jiji na pia wa kile cha chuo kilichotoka mwaka uliofuata. Wataalamu, basi, ni walewale na mbinu ni zilezile, na kinachokosekana ni kitabu kinachoziunganisha habari hizo mbili katika masimulizi mamoja.

Vingine vimejaza mapengo mbalimbali. Susan Geiger, katika "TANU Women" ya mwaka 1997, aliwahoji Bibi Titi Mohamed na wanawake wenzake wa Dar es Salaam na kwingineko, akaonyesha kwamba harakati za uhuru zilijengwa na wanawake ambao wengi wao hawakuwa na elimu kubwa ya shule, na wala si na wasomi peke yao. Mohamed Said, katika kitabu chake cha 1998 kuhusu Abdulwahid Sykes, alirudisha katika kumbukumbu za taifa familia za Kiislamu za Dar es Salaam ambazo mchango wao aliuona umesahaulika. Emily Callaci, mwaka 2017, alitumia riwaya za bei nafuu za Kiswahili na maandishi mengine ya mitaani kama ushahidi wa kihistoria, na Emily Brownell, mwaka 2020, alieleza mji kupitia ardhi, mkaa, saruji na matofali.

Jirani asiyeonekana

Ukiziweka rafu hizi mbili pamoja, pengo kubwa linajitokeza kati ya geti la chuo na mitaa inayolizunguka. Msewe na Changanyikeni kuna wenye nyumba ambao kwa miaka mingi wamewapangisha wanafunzi waliokosa nafasi bwenini, kuna mama lishe ambao wanafunzi waliokuwa wakila kwao kwa mkopo leo ni majaji na mawaziri, kuna wenye maduka ya kudurufu ambao mashine zao zimepitisha kurasa nyingi kuliko mashine za idara yoyote, na kuna wakazi wa zamani wanaokumbuka kilima kilivyokuwa kabla ya barabara ya lami. Mwaka 2006 kituo cha biashara cha Mlimani City kilifunguliwa kwenye ardhi ya chuo, na tangu hapo chuo kimekuwa pia mwenye ardhi katika soko la jiji. Mambo haya yamegusa maisha ya watu wengi kuliko mikutano mingi ya Seneti, lakini katika vitabu vya historia ya chuo hayajapata nafasi inayolingana na uzito wake.

Kasoro hiyo si ya Mlimani peke yake. Makerere imeandikiwa vitabu kadhaa, kuanzia kile cha Margaret Macpherson cha mwaka 1964 hadi cha Carol Sicherman cha 2005 na cha Mahmood Mamdani cha 2007, ambacho kilichambua athari za soko katika elimu ya juu. Navyo kwa sehemu kubwa vinamtazama mwalimu, mwanafunzi na serikali kuliko jirani anayeishi chini ya kilima.

Lugha nayo imechangia pengo hilo. Karibu vitabu vyote vilivyotajwa hapa vimeandikwa kwa Kiingereza, ingawa chuo hichohicho ndicho kilichoipokea mwaka 1964 kazi ya kamati ya lugha iliyoanzishwa mwaka 1930, kikaunda Taasisi ya Uchunguzi wa Kiswahili iliyotoa "Kamusi ya Kiswahili Sanifu" mwaka 1981, na ambayo leo ni sehemu ya Taasisi ya Taaluma za Kiswahili. Wala kuandika historia ya pwani hii kwa Kiswahili si jambo geni, kwani Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo aliandika kwa nathari ya Kiswahili kuhusu desturi za watu wake, na maandishi yake yakachapwa Ujerumani mwaka 1903. Uwezo upo, istilahi zipo na wasomaji wapo, kwa hiyo kinachohitajika ni uamuzi.

Kazi iliyobaki

Malighafi ya kazi hiyo haiko mbali. Maktaba ya chuo, ambayo mwaka 2018 ilipata jengo jipya na kubwa, ina mkusanyiko wa Afrika Mashariki wenye karatasi za watafiti kama Hans Cory na Henry Fosbrooke, na Nyaraka za Taifa zipo Upanga katika jiji hilohilo. Muda, hata hivyo, hausubiri, kwa kuwa aliyekuwa mwanafunzi mwaka 1961 sasa amepita umri wa miaka 80, na wafanyakazi wa mwanzo wa maktaba, mabwalo na karakana wanaondoka na kumbukumbu ambazo haziko katika jalada lolote.

Chuo kilichowatuma wanafunzi wake kusini kuwasikiliza wazee wa Maji Maji hakikosi mbinu wala watu wa kuwasikiliza wazee wa Msewe, Changanyikeni na Kariakoo. Kila mwaka wanafunzi wa historia huandika tasnifu fupi, na sehemu ya tasnifu hizo ikielekezwa kwa wapangishaji, wapishi, madereva, wakutubi na wahitimu wa zamani, katika muda mfupi patakuwa na akiba ya ushahidi inayotosha kitabu kinachokiweka chuo ndani ya mji wake. Kitabu hicho kiandikwe kwa Kiswahili tangu sentensi ya kwanza, ili waliohojiwa waweze kuyasoma yaliyoandikwa juu yao na kuyasahihisha pale yalipokosewa, kwa maana historia ambayo wahusika wake hawawezi kuihakiki bado haijakamilika, hata iwe imeandikwa na mabingwa.